Kutoka Saint-Georges Mpaka Mazembe: Majina Matano ya Ekipe Moja

Wewe kijana unayepita katika barabara ya Mitwaba na jezi ya mistari nyeusi na nyeupe mgongoni, simama kidogo nikuulize. Ile ekipe unayoipenda, babu yako aliiita nani? Usijibu haraka. Kama babu yako alifanya kazi Lubumbashi siku zile mji ulipoitwa bado Élisabethville, hakusema “Mazembe”. Alisema “Englebert”. Na kabla ya Englebert watu walisema “Saint-Paul”, na kabla ya Saint-Paul, “Saint-Georges”. Ekipe ni ile ile moja. Majina ndiyo yaliyobadilika.

Na ninyi wazazi, msifunge gazeti mkisema, “Hii ni mambo ya watoto.” Historia ya ekipe hii ni historia ya nchi yetu ya madini. Ukifuata majina yake moja baada ya lingine, utaona nani alikuwa akiishika mkono wakati ule: misioni, kampuni, serikali, kisha mtu tajiri. Tena utaona nani walibaki kila mara wakubwa hao walipoondoka.

WAMONAKI NA MTAKATIFU WAO

Sisi Waprotestanti hatukuwa na sehemu katika kuzaliwa kwa ekipe hii, lakini ukweli ni ukweli. Ilizaliwa mikononi mwa wamonaki Wakatoliki, Wabenedikto, waliotoka katika nyumba ya watawa ya Saint-André karibu na Bruges, huko Ubelgiji. Walifika Katanga mwaka 1910, wakati mji wenyewe wa Élisabethville ulikuwa mtoto mchanga. Walijenga makanisa, wakafungua shule, na moja ya shule hizo iliitwa Institut Saint-Boniface. Kule ndiko maskauti walikutana.

Sasa angalia namna mambo yalivyokwenda. Si kila kijana wa shule ya misioni alitaka kuwa padri. Wamonaki walijiuliza: hawa wasiotaka upadri tutawapa kazi gani mchana wa Jumapili, ili wasipotee katika pombe? Jibu lilikuwa mpira. Mwaka 1939 wakaunda ekipe, wakaiita FC Saint-Georges, juu ya mtakatifu Georges ndiye maskauti wanamhesabu kuwa msimamizi wao.

Mwaka ule ule wa 1939 ikazaliwa katika mji huo huo ekipe nyingine yenye jina la mtakatifu: Saint-Éloi, ndiyo Lupopo ya leo. Éloi ni mtakatifu wa mafundi wa chuma, na mpaka leo watu wa Lupopo wanaitwa Cheminots, maana yake watu wa reli. Hivi ekipe mbili zinazogawanya nyumba nyingi za Lubumbashi ni za umri mmoja, sawa vile mapacha. Na kama mapacha wengine tunaowajua, hawapendi kula sahani moja.

Lakini usifikiri kwamba mpira wa siku zile ulikuwa mchezo tu. Union Minière, kampuni kubwa ya shaba, ilikuwa na makambi ya wafanyakazi, na posho, na hospitali, na shule. Wakubwa wa kampuni na wakubwa wa serikali walipenda mpira juu waliona unatuliza watu. Mtu aliyecheza Jumapili, walidhani, hatasumbua Jumatatu.

Walijidanganya. Mnamo Desemba 1941, wakati wa vita ya dunia, wafanyakazi wa Union Minière waliacha kazi wakidai mshahara, kwa sababu bei za vitu zilikuwa zimepanda na mshahara umelala. Unajua walikusanyika wapi? Katika uwanja wa mpira. Ndipo Gavana Maron alikuja na askari, na pale askari walipiga risasi. Léonard Mpoyi, aliyesema kwa niaba ya wafanyakazi, aliuawa pale, pamoja na makumi ya wengine. Saint-Georges ilikuwa na miaka 2 tu. Mzee akikuambia kwamba uwanja wa mpira ni mahali pa furaha, mwitikie ndiyo, lakini ujue kwamba Élisabethville uwanja ulikuwa pia mahali ambapo watu wa kazi walikuwa na nafasi ya kusimama wengi pamoja.

Saint-Georges iliingia katika ligi, daraja la kwanza, ikamaliza nafasi ya tatu. Kwa wanafunzi ilikuwa si mbaya. Kisha ikaitwa Saint-Paul. Lakini pole pole waliingia wachezaji ambao hawakuwa wanafunzi wa misioni, watu wazima wa mji, na wamonaki wakaona hii si ekipe yao tena. Wakatoa mkono. Kwa mara ya kwanza ekipe ilibaki yatima, na kwa mara ya kwanza haikufa.

JINA LA TAIRI

Baba mpya hakuwa mtakatifu. Englebert ilikuwa kampuni ya Ubelgiji, ya mji wa Liège, iliyotengeneza matairi. Matairi yake yalikuwa mazuri. Katika miaka ya 1950 magari ya mashindano ya Ferrari yalikimbia juu ya Englebert. Kampuni ilitoa msaada, na ekipe ikabeba jina lake. Hivi wazee wetu walioimba “Englebert! Englebert!” waliimba jina la tairi. Usicheke. Leo vijana wanavaa kifuani majina ya bia na ya kampuni za simu, na hakuna mtu anayeshangaa.

Halafu ukaja uhuru, 1960, na kujitenga kwa Katanga chini ya Tshombe, na miaka ile ya risasi mpaka Januari 1963. Mimi sitarudia mambo hayo hapa. Wazee wanayajua kuliko mimi. Tuseme tu kwamba nchi ilipounganika tena, ekipe ya Katanga ilipaswa kwenda kucheza na watu wa Kinshasa na wa mikoa mingine ambao juzi tu walikuwa wanahesabiwa maadui. Na ikaenda, ikawapiga. Mwaka 1966 Englebert ilichukua ubingwa wa nchi nzima, na kikombe cha Kongo, na kikombe cha Katanga, bila kushindwa. Ndipo watu waliongeza mbele ya jina maneno mawili ya Kifaransa: Tout Puissant.

Hapa nisimame, maana najua swali linakuja. Limekuja kwangu mara nyingi, na kila mara anayeliuliza ni mtu wa kweli mwenye dhamiri: “Pasta, Mukristu anaweza sema ‘Tout Puissant’ bila zambi? Si ni jina la Mungu ile?” Ndiyo, kwa Kiswahili ni Mwenyezi, na Mwenyezi ni mmoja. Ndugu wengine wameamua kusema “TP” tu, ulimi usijikwae, na mimi siwacheki. Lakini sikatazi vijana kusema jina lote. Lilizaliwa kama majivuno ya washindi wa mwaka mmoja, sawa vile mtoto anavyopiga kifua baada ya kumwangusha mwenzake mchangani. Anayelisema na kuamini kwamba ekipe haiwezi kuanguka, huyo ndiye ana shida, na mpira wenyewe utamponya. Kinachonisumbua mimi zaidi ni kitu kingine: wale wanaotoa franga za chakula cha watoto kumpa nganga ili ekipe ya kambi yao ishinde. Hapo hakuna jina la Mungu linalotajwa, na hapo zambi iko wazi.

Turudi kwenye mpira. Mwaka 1967 Englebert ilifika fainali ya kikombe cha mabingwa wa Afrika. Ilikutana na Asante Kotoko ya Kumasi, Ghana. Kumasi wakatoka 1-1, Kinshasa wakatoka 2-2. Hakuna aliyeshinda. Mechi ya tatu ikapangwa kuchezwa Cameroon. Englebert wakafika. Kotoko hawakutokea. Kikombe kikaja Lubumbashi kwa njia hiyo, na watu wa Kumasi hawakulisahau jambo hilo, kama utakavyoona.

Mwaka 1968 haukuwa na maneno. Katika fainali Englebert iliipiga Étoile Filante ya Lomé 5-0. Kule Togo ikashindwa 4-1, lakini hesabu ilikuwa 6-4. Ikawa ekipe ya kwanza Afrika kukilinda kikombe mwaka wa pili. Tena mwaka huo huo, mwezi wa Januari, nchi yetu ilikuwa imechukua Kombe la Mataifa ya Afrika huko Addis Ababa kwa kuishinda Ghana 1-0. Goli lile lilifungwa na Pierre Kalala, na mlinda goli alikuwa Robert Kazadi. Wote wawili walikuwa wa Englebert.

Kisha fainali mbili tena, na zote mbili kilio. Mwaka 1969 Ismaily ya Misri iliwashinda. Na mwaka 1970, nani alikuja? Kotoko! Kumasi 1-1, na Kinshasa, mbele ya watu wetu, Kotoko 2, Englebert 1. Fainali 4 mfululizo, vikombe 2. Basi Tout Puissant walijifunza kulia.

JINA LINALOTOLEWA NA SERIKALI

Mnamo Oktoba 1971 nchi ikaitwa Zaire. Mobutu alitangaza “authenticité”: majina ya Kizungu yaondoke. Watu waliacha majina ya ubatizo, angalau katika makaratasi. Mapadri na wachungaji wa siku hizo wanajua taabu waliyoipata. Jina la tairi la Wabelgiji lingebaki namna gani? Englebert likaondoka, likaja Mazembe. Ajabu ni kwamba maneno ya Kifaransa, Tout Puissant, yalibaki. Sijawahi kusikia mtu akilalamika.

Usifikiri kwamba jambo hili lilitokea kwetu tu. Katika mji wa Prague, nchi ya Wacheki, kuna ekipe mbili za zamani sana, Slavia ya 1892 na Sparta ya 1893. Wakomunisti walipochukua serikali mwaka 1948, waliona majina hayo ni ya watu wa zamani. Slavia ikaitwa Dynamo, na Sparta ikaitwa Spartak Sokolovo, jina la kiwanda na la vita. Watu uwanjani waliendelea kupaza sauti wakitaja majina ya kwanza. Mwaka 1965 serikali ilichoka, majina yakarudi. Kwetu ilikuwa kinyume: Wazaire walipokuwa Wakongo tena mwaka 1997, hakuna aliyedai Englebert irudi. Mazembe lilikuwa limekwisha kuingia moyoni, na kampuni ya matairi ilikuwa mbali.

Wachezaji wa miaka hiyo walibeba mzigo mzito. Mwaka 1974 Zaire ilikuwa ekipe ya kwanza ya Afrika ya watu weusi kufika Kombe la Dunia, huko Ujerumani Magharibi. Kazadi alikuwa langoni, na Mwepu Ilunga, mlinzi wa Mazembe, alikuwa upande wa kulia. Walishindwa na Uskoti 2-0, halafu na Yugoslavia 9-0. Tarehe 22 Juni walipocheza na Brazili, Wabrazili walikuwa wameweka mpira chini ili wapige, na ghafula Mwepu akatoka mbio katika ukuta akaupiga yeye, mbali. Dunia yote ilicheka ikisema, Mwafrika huyu hajui sheria. Mimi siamini hivyo hata kidogo. Mtu aliyecheza fainali za Afrika hawezi kukosa kujua sheria ya mpira wa adhabu. Mwepu mwenyewe alieleza baadaye kwamba walikuwa wamekasirika kwa kunyimwa pesa zao, na kwamba watu wa Mobutu walikuwa wamewatisha wasirudi nyumbani kama Brazili itafunga zaidi ya magoli 3. Mechi ikaisha 3-0. Sasa tazama tena picha ile ya Mwepu, uniambie kama bado unacheka. Alifariki mwaka 2015.

Nyumbani Mazembe ilichukua ubingwa wa nchi mwaka 1976, na mwaka 1980 ikachukua kikombe cha Afrika cha washindi wa vikombe kwa kuishinda Africa Sports ya Abidjan. Kisha jua likaanza kushuka.

MAMA GÉCAMINES ALIPOUGUA

Hapa wasomaji wetu wa makambi watanielewa haraka. Union Minière ilikuwa imekuwa mali ya serikali tangu 1967, baadaye ikaitwa Gécamines. Ilikuwa mama. Katikati ya miaka ya 1980 ilitoa zaidi ya tani 400,000 za shaba kwa mwaka. Mwaka 1990 mgodi wa Kamoto ukaporomoka. Mwaka 1991 askari na watu wakapora miji. Kufika 1994 shaba ilikuwa chini ya tani 50,000. Mama alikuwa kitandani.

Mtu asiyelipwa mshahara miezi mingi hanunui tikiti ya mpira. Duka lililoporwa halitoi msaada kwa ekipe. Mazembe ilichukua ubingwa wa nchi mwaka 1987, na baada ya hapo ikangoja mpaka mwaka 2000. Mtoto aliyezaliwa siku ile ya 1987 alikuwa na miaka 13 kabla ya kuona mwingine.

Tena kulikuwa na jambo baya kuliko njaa. Mwaka 1992 na 1993 majirani wetu wenye asili ya Kasai, wengi wao waliozaliwa hapa hapa Katanga, walifukuzwa kwa maelfu. Familia zililala kwenye gare za Likasi na Kolwezi miezi na miezi zikingoja treni, na watoto walikufa pale. Watu waliokaa kiti kimoja uwanjani, waliokumbatiana goli lilipoingia, walitazamana kama wanyama. Naliandika kwa sababu kuna wanaosema “mpira unaunganisha watu” kana kwamba unafanya kazi peke yake. Miaka ile mpira ulikuwepo. Haukuzuia kitu.

MTU MMOJA NA MFUKO WAKE

Mwaka 1997 Moïse Katumbi akawa rais wa ekipe. Yeye ni mfanyabiashara. Kampuni yake ilifanya kazi za migodini, na kutoka 2007 mpaka 2015 alikuwa gavana wa Katanga. Mambo ya siasa yake, kila mtu na mawazo yake, na ukurasa huu si wa kampeni. Nasema la mpira. Alilipa mishahara kwa wakati. Alileta makocha wa nje. Wachezaji wa Zambia, wa Tanzania, wa Ghana na wa Côte d'Ivoire wakaja Lubumbashi kutafuta kazi, wakati wachezaji wetu wa zamani ndio waliokuwa wakitoka.

Kwetu Mitwaba tuliyafuata hayo kwa radio, na kwa miaka fulani hata radio ilikuwa anasa. Mnajua ilivyokuwa: vita ya Mai-Mai, vijiji vilivyochomwa, watu porini. Ni hapa Mitwaba, Mei 2006, Gédéon alijitoa mikononi mwa MONUC. Miaka 3 tu baadaye, Novemba 2009, Mazembe iliyokuwa imeshindwa 2-1 na Heartland huko Nigeria ilishinda 1-0 Lubumbashi, na kwa goli lile la ugenini kikombe cha mabingwa kikarudi baada ya miaka 41. Mwaka 2010 ikarudia: Espérance ya Tunisia ikapigwa 5-0 Lubumbashi, kisha 1-1 Tunis.

Na Desemba 2010 ni ile ambayo hata mama zetu wasiojua mpira wanaikumbuka. Kombe la Dunia la vilabu, Abu Dhabi. Kwanza Pachuca ya Meksiko: goli la Bedi, 1-0. Kisha Internacional ya Brazili, mabingwa wa Amerika ya Kusini: Kabangu akafunga, Kaluyituka akafunga, 2-0. Mpaka siku ile fainali ya kikombe hicho ilikuwa ya Ulaya na Amerika ya Kusini peke yake. Mazembe ilikuwa ya kwanza kuvunja mlango. Mlinda goli Muteba Kidiaba alikaa chini akarukaruka na matako juu ya majani, na dunia ikajifunza. Katika uwanja wa kila shule ya msingi hapa, watoto walimwiga mpaka kaptula zikatoboka. Akina mama walilalamika kwa haki. Fainali, tarehe 18 Desemba, Inter ya Milan ilishinda 3-0. Mmoja wa wafungaji alikuwa Samuel Eto'o, Mwafrika mwenzetu.

Lakini jiulize: Trésor Mputu alikuwa wapi? Mchezaji bora kuliko wote aliotoa Lubumbashi katika kizazi hiki, aliyepewa zawadi ya mchezaji bora anayecheza ndani ya Afrika mwaka 2009, hakucheza Abu Dhabi. Miezi michache nyuma, katika mashindano huko Kigali, alimrukia mwamuzi kwa hasira, na FIFA ikamfungia mwaka mzima. Vijana, hasira ya dakika moja ilimtoa katika siku kubwa kuliko zote za ekipe yake. Sihitaji kuongeza.

Hata wakubwa wa ekipe walipata somo lao. Mwaka 2011 Mazembe iliitoa Simba ya Dar es Salaam, lakini ilikuwa imemchezesha Janvier Besala Bokungu ambaye makaratasi yake hayakuwa sawa. Simba wakashitaki, na Mazembe, bingwa mara 2 mfululizo, ikatolewa mashindanoni. Watu wengi hapa walisema ni wivu. Kitabu cha sheria hakijui wivu. Makaratasi yalikuwa mabaya.

Na tazama: mwaka huo huo, kutoka Simba hiyo hiyo, alikuja kijana mmoja anayeitwa Mbwana Samatta. Kiswahili chake cha Dar na chetu cha Lubumbashi si kimoja, lakini mpira hauna lahaja. Mwaka 2015 Mazembe iliishinda USM Alger 2-1 huko Algiers na 2-0 nyumbani, kikombe cha tano, na Samatta alifunga katika mechi zote mbili. Januari 2016 alipewa zawadi ile ile aliyoipata Mputu. Kisha akaenda Ubelgiji, Genk, na mwaka 2020 akawa Mtanzania wa kwanza kucheza ligi kuu ya Uingereza.

Tangu 2011 ekipe ina uwanja wake, katika Kamalondo, wa watu karibu 18,000. Nyumba yake mwenyewe! Wamonaki hawakuipa, kampuni ya matairi haikuipa, Mobutu hakuipa.

SWALI AMBALO WATU HAWAPENDI

Mnamo 2016 Katumbi aliondoka nchini katika mabishano yake na serikali, akakaa nje mpaka Mei 2019. Wengi walisema, sasa Mazembe imekwisha. Haikuisha: mwaka 2016 ilichukua kikombe cha Shirikisho la Afrika mbele ya Béjaïa ya Algeria, na mwaka 2017 tena mbele ya SuperSport ya Afrika Kusini. Lakini tangu hapo kikombe cha mabingwa wa Afrika cha wanaume hakijarudi Lubumbashi, na wapenzi wa ekipe wanajiuliza kwa sauti ndogo: siku mfuko huu ukifungwa, nani?

Mimi ni mtu wa nchi ya madini, na swali hilo nalijua kwa jina lingine. Mwaka 2003 wafanyakazi zaidi ya 10,000 wa Gécamines walipewa pesa kidogo wakaambiwa kwaheri. Wengi hawakuwa wamejifunza kuishi bila mama. Sasa wachimbaji wetu wanategemea mnunuzi mmoja wa cassiterite. Akikosa kuja, soko lote linalala. Ekipe inayokula katika sahani moja ya mtu mmoja, hata mtu huyo akiwa mwema namna gani, iko katika hali ile ile. Wapenzi wa Mazembe hawapendi niseme hivi. Wananiambia, “Pasta, shukuru kwanza!” Nashukuru. Na bado nauliza.

Kuna shule ya mpira kwa watoto, ile yenye jina la Katumbi, iliyofunguliwa mwaka 2012. Hiyo naiona kuwa hazina zaidi ya vikombe. Na kuna wasichana. Novemba 2024, huko Morocco, ekipe ya wanawake ya Mazembe iliishinda AS FAR ya huko huko 1-0, ikachukua kikombe cha mabingwa wa Afrika cha wanawake. Wazazi ambao bado wanamkataza binti kugusa mpira wakisema si kazi ya mwanamke, nawaomba waulize jirani mwenye simu awaonyeshe picha za siku ile.

Bado kuna jambo moja tunalolitafuta. Wachezaji wa Saint-Georges wa 1939 wamekwisha kulala, lakini wako wazee waliokuwa vijana Lubumbashi wakati wa Englebert, ambao walisimama katika uwanja au walisikiliza radio wakati wa fainali za 1967 na 1968. Kama nyumbani kwenu kuna mzee wa namna hiyo, keti naye jioni moja na kalamu. Muulize nani alilipa tikiti yake, alisimama karibu na nani, walirudi na nini kambini usiku ule. Andika anavyosema, kwa Kiswahili chake, usimsahihishe, kisha mpe mchungaji wa parokia yako karatasi hiyo atutumie.